Nyimbo mpya za Kihindi, hiki ni Kihindi gani? Mama kakataa katakata

zeze_la_tanga

Wakuu salaam. Huu uzi sijui niuweke kwenye muziki au kwenye lugha, mods mkiona umepotea njia usogezeni tu.

Iko hivi. Mama yangu ana miaka sitini na kitu, amekulia hapa hapa Tanga enzi za sinema, siku ya picha la Kihindi watu wanaoga mapema na kuvaa kama wanaenda harusini. Hajawahi kukanyaga India, hajasoma Kihindi popote, ila ukimwekea picha la Amitabh anakwambia kinachosemwa kabla wewe hujamaliza kusoma maandishi ya chini. Sisi wote nyumbani tumekua tukimtegemea yeye kama mkalimani, ikifika sehemu ya huzuni anatafsiri huku analia.

Juzi nimeenda kumsalimia nikamkuta kakaa kwenye mbuzi anakuna nazi, nikasema ngoja nimchangamshe, nikatoa spika yangu ndogo nikamwekea nyimbo za siku hizi, zile zinazotamba huko mitandaoni. Ya kwanza akasikiliza kidogo, mkono ukasimama. Ya pili akakunja uso. Ya tatu akaniangalia kama nimemrudishia chenji pungufu akasema "mwanangu hiki si Kihindi, nani kakuuzia?" Nikamwambia mama hizi ndo zinaongoza huko India. Akasema basi India imehamwa.

Nikaenda kuchungulia vizuri, kumbe moja Kipunjabi, moja Kitamil, moja Kitelugu, moja Kigujarati. Yani bi mkubwa yuko sahihi asilimia mia na mimi niliyesoma ndo nilikuwa nacheza nisichokijua!

Sasa naomba wajuzi mnisaidie. Haya mambo yameanza lini, manake zamani wimbo wa Kihindi ulikuwa wa Kihindi. Na kingine ndo kimenichanganya zaidi, mama alikataa lugha lakini mguu wake haukukataa. Ile ya Kitelugu ilipoingia mbuzi nzima ilikuwa inatikisika na machicha yanamwagika chini. Kwa nini?

mtoto_wa_ilala

"India imehamwa" nimecheka mpaka abiria wenzangu kwenye daladala wananiangalia. Mpe shikamoo yangu huyo mama.

mbeba_begi

Mkuu mpe mama heshima yake, ana sikio kuliko wengi walioko huku. Mimi niko Pune, India, mwaka wa tatu huu, nasoma, na nilikuja na kiburi hicho hicho cha Kihindi cha sinema. Nikaingia duka la kwanza kununua sabuni, nikamwaga Kihindi changu chote, mwenye duka akanijibu kwa Kimarathi. Chumba cha hosteli tulikuwa watatu, mimi, Mtelugu mmoja na jamaa wa Assam, tunaelewana kwa Kiingereza cha kuungaunga. Katiba yao ina orodha ya lugha 22 zinazotambuliwa na nje ya orodha ziko nyingine chungu nzima, sisi zote tunaita Kihindi, hata hiyo ya wenye maduka wa huko kwetu ambayo mara nyingi ni Kigujarati au Kikachi.

Halafu kuna kitu watu hawakifikirii. Kihindi cha sinema alichokishika mama kimechanganyika sana na Kiurdu, na Kiurdu kimebeba Kiarabu na Kiajemi, kwa hiyo Mswahili akikaa pale kwenye kiti tayari ana mtaji mfukoni. Dunia ni duniya, kitabu ni kitaab, wakati ni waqt, habari ni khabar, safari ni safar, mahaba wao wanasema mohabbat. Ukishika hayo ukaongeza na machozi ya mwigizaji umeelewa nusu ya picha. Kitamil hakina huruma hiyo, ni ukoo mwingine kabisa wa lugha, na Kitelugu ndo ndugu zake, mama atabaki anasikia mawe yanaporomoka.

Kuanza lini, kuchanganya kwenyewe ni kwa zamani mno. Ule wa juu ya treni wa Shah Rukh Khan, Chaiyya Chaiyya wa 1998, mama lazima anaujua na aliucheza. Muziki katunga A.R. Rahman ambaye ni Mtamil wa Chennai, anaimba Sukhwinder Singh na koo lake la Kipunjabi, mashairi ni ya Gulzar na ameyachota kwa Bulleh Shah, sufi wa Punjab wa miaka ya 1700, na treni yenyewe iko milima ya kusini. Mchanganyiko wote huo na bado watu waliuita wa Kihindi wakalala.

Tofauti naiona hapa. Zamani mdundo wa kijijini ukitaka kuingia Bombay unaacha lugha yake mlangoni, unavalishwa Kihindi ndo unakaribishwa sebuleni. Siku hizi lugha inaingia na ndala zake. Mfano mzuri uko hapa hapa nilipo, kuna wimbo unaitwa Zingaat, wa filamu ya Kimarathi Sairat ya 2016, watungaji ndugu wawili Ajay na Atul. Ule wimbo hapa ukipigwa harusini hata mzee wa fimbo anasimama. Mwaka 2018 filamu ikarudiwa kwa Kihindi, tuni ile ile, wakabadilisha maneno. Nimeishi hapa miaka mitatu, harusi sijui ngapi nimepita nje zake nikila wali wa bure, sijawahi kusikia hata siku moja wanapiga hiyo ya Kihindi. Ni Kimarathi tu na hata Wapunjabi wa darasani kwetu wanaiimba hivyo hivyo bila kuelewa neno.

Na kilichosukuma hasa ni bando, tusidanganyane. Septemba 2016 iliingia kampuni ya simu ya Jio, mwanzoni data wakagawa bure kabisa, baadaye bei ya kutupa. Mtu wa shambani aliyekuwa anasubiri redio ya mjini imchagulie akawa na YouTube mkononi, na mtu huyo hataki Kihindi cha watangazaji, anataka cha bibi yake. Ma prodyuza wakaona wapi kuna watu. Ndo unakuta Diljit Dosanjh, mtoto wa kijiji huko Jalandhar, 2023 anapanda tamasha la Coachella kule Marekani na kilemba chake anaimba Kipunjabi mwanzo mwisho.

Ngoma za Pune zenyewe sijawaambia. Wiki kadhaa kabla ya sikukuu ya mungu wao Ganesh vikundi vya mtaani vinaenda kufanya mazoezi kando ya mto, wasichana kwa wavulana, dhol kubwa imefungwa kiunoni na ile ndogo kali wanaiita tasha iko shingoni inapigwa na vijiti vyembamba. Mwaka wa kwanza nilikuwa na mtihani kesho yake. Sikusoma. Ile kitu huisikii kwa masikio, unaisikia kwenye mbavu, glasi ya maji mezani inatengeneza duara duara.

fundi_biti

Ngoja nijibu la mguu maana hilo ndo eneo langu, natengeneza biti huku Gongo la Mboto.

Hiyo ya Kitelugu naweza kukuwekea dau ni Naatu Naatu ya filamu ya RRR, iliyochukua Oscar Machi 2023, mtunzi M.M. Keeravani, mashairi Chandrabose. Neno naatu lenyewe maana yake ya kwetu, ya asili, ya kishamba kwa majivuno. Mdundo wake ni sita kwa nane. Kaa chini fanya hivi: hesabu haraka moja mbili tatu, moja mbili tatu, mguu upige kwenye kila moja. Halafu kiganja kipige kila baada ya hesabu mbili badala ya tatu. Utasikia mguu na mkono vinagombana lakini vinakutana nyumbani kila duara. Ukishaweza hapo, sasa kumbuka chakacha. Ni kitu kile kile! Mama yako wa Tanga kiuno chake kilishasoma hiyo hesabu kabla hajazaliwa, lugha ikaja ikagonga mlango wakati mguu uko ndani unakunywa chai. (Na pale walipochezea ni Kyiv, mbele ya ikulu ya Ukraine, walipiga picha Agosti 2021, miezi michache tu kabla ya vita. Kila nikiiona naikumbuka hiyo.)

Kipunjabi ni kesi nyingine. Dhol yao ni pipa la mbao linaninginia shingoni, pande mbili, fimbo mbili tofauti. Nene iliyopinda kichwani wanaita dagga, inapiga upande wa besi. Nyembamba kama mwanzi wa mishkaki wanaita tilli, inapiga upande mkali. Mdundo wa kawaida wa bhangra wanauita chaal, una mapigo nane lakini hayakai sawa, yanachechemea kidogo, na huko kuchechemea ndo muziki wenyewe. Mimi nilikaa siku mbili nzima naandika chaal kwenye kompyuta, kila pigo nimeliweka kwenye mstari wake, ikatoka kama mtu anagonga ndoo ya rangi. Nikaja kusogeza mapigo kwa jicho, hili nyuma unywele, lile mbele unywele, ndo ikaanza kupumua. Kwa hiyo mtu akikwambia hawa wanachukua tu semplo za asili wanabandika, mwambie ajaribu yeye.

Mnaikumbuka ile ya Panjabi MC, Mundian To Bach Ke? Ilitoka 1998 huko Uingereza, ikalipuka Ulaya 2002 na 2003, Jay-Z akaweka mistari. Kale kanachokuna mwanzoni ni tumbi, kifaa cha waya mmoja tu, mmoja! Na besi aliichukua kwenye ile tamthilia ya gari linaloongea, Knight Rider, tuliyokuwa tunaangalia kwa jirani. Waya mmoja wa kijijini na gari linaloongea, ukichanganya watu wa Berlin wanacheza.

Na kwa wapenda rapu, tafuteni Hanumankind, jamaa wa Kerala kusini mwa India, Run It Up ya 2025. Anarapu Kiingereza lakini chini yake inapita chenda, zile ngoma za mahekalu ya Kerala zinazoning'inia begani. Coachella mwaka huo alipanda na wapiga chenda wenyewe. Hapo hakuna kuimba lugha ya kienyeji hata chembe na bado ukisikia unajua ni ya wapi. Kwangu hiyo ni kazi nzuri kuliko mtu anayetupia neno moja la Kipunjabi kwenye kiitikio ili apate harusi.

mchungu_kidogo

Mnasifia tu. Hakuna aliyeuliza mwenye wimbo alipata nini.

Mwaka 2020 rapa Badshah alitoa wimbo unaitwa Genda Phool, mamilioni na mamilioni wakautazama. Ndani yake kuna kipande cha Kibengali, kile kitamu, ndo kimebeba wimbo mzima, bila kile unabaki na jamaa anaongea na gari. Pale kwenye maelezo kimeandikwa kama wimbo wa asili tu, yani hauna mwenyewe. Wabengali wakaja juu, wakasema una mwenyewe na yuko hai, anaitwa Ratan Kahar, mzee wa Suri wilaya ya Birbhum, maskini wa kawaida, na ulisharekodiwa na Swapna Chakraborty mwaka 1976. Kelele zilipozidi Badshah akamtumia rupia laki tano. Laki tano za huko si haba kwa mzee wa Birbhum, sikatai, lakini ile ni sadaka au ni malipo? Kama watu wasingepiga kelele ingetumwa?

Hilo neno "asili" ndo panga lenyewe. Ukishaandika asili umefuta jina la mtu, na hakuna wa kudai.

Halafu kuna Enjoy Enjaami, Machi 2021, Kitamil, Dhee na Arivu, biti ya Santhosh Narayanan. Kama hamjausikia acheni kila kitu. Arivu ni kijana wa Kidalit, yani tabaka la waliotengwa huko India, mashairi yake ameyatoa kwa bibi yake aliyefanya kazi kwenye mashamba ya chai ya Sri Lanka miaka mingi halafu wakarudishwa India mikono mitupu. Mle ndani kuna oppari, yani kilio cha msibani, vile wanawake wanavyomlilia marehemu kwa kuimba sifa zake, ukikisikia hutaelewa neno ila utakumbuka msiba wa kwenu. Na upande huo kuna ngoma yao inaitwa parai, duara la mbao na ngozi ya ng'ombe, kwa miaka mingi wanaoipiga walionekana watu wa chini kabisa, wanaitwa kwenye mazishi lakini hawakaribishwi ndani. Sasa imepanda majukwaani na vijana wao wanaipiga kwa kujidai, nami hapo nafurahi.

Lakini Agosti 2021 jarida la Rolling Stone India likatoa jalada, ukurasa wa mbele Dhee na mwimbaji mwingine, Arivu hayupo. Aliyeleta bibi yake mzima mzima kwenye wimbo hayupo! Watu wakawaka moto, baadaye akatolewa jalada lake la mtandaoni. Na Machi 2024 Santhosh Narayanan mwenyewe akasema hadharani kwamba yeye na wenzake hawajapata hata senti kwenye ule wimbo. Mamia ya mamilioni ya watazamaji, senti hakuna. Sasa bibi wa kijijini atapata nini kama hata prodyuza hakupata.

kalamu_butu

Mkuu nakuelewa ila bila Badshah wewe hapo ulipo ungelijua jina la Ratan Kahar? Mimi nisingelijua. Na 2024 serikali ya India imempa Padma Shri, nishani ya taifa. Kelele za ule wimbo zimemsaidia bwana, tuseme kweli.

mchungu_kidogo

Kwa hiyo mtu aibiwe kwanza ndo ajulikane? Wabengali walikuwa wanamwimba tangu 1976, wasiomjua ni mimi na wewe. Kujulikana na mimi na wewe hakununui mchele.

fundi_biti

Hapo mmenigusa pabaya, nilikuwa sitaki kusema.

Miaka kama minne iliyopita nilikuwa Kisarawe kwenye shughuli, wazee wakapiga mdundiko, nikarekodi kwa simu dakika tatu hivi. Nikaja nikakata sekunde nane, nikaongeza kasi, nikaweka kick juu yake, biti ikauzwa siku hiyo hiyo. Unaweza kuisikia mpaka leo kwenye wimbo ambao siutaji. Niliporudi kule niliwapelekea wazee sukari kilo mbili na majani ya chai, wakanishukuru sana, mmoja akaniombea dua. Mpaka leo hawajui. Na kwenye kuandika nilivyoandika? Niliandika "vionjo vya asili". Neno lile lile.

Sio kwamba najitetea, nasema tu kwamba ukiwa umekaa kwenye kiti saa nane usiku na mteja anapiga simu, yule mzee mwenye ngoma anakuwa hayupo chumbani.

bintmvita

Nimepita kimya kimya kusoma lakini huu uzi umenivuta sketi.

Nyote mnazungumza kama kwamba kuchanganya ni mambo ya Wahindi peke yao. Sisi Mombasa tumelelewa na Juma Bhalo, Mungu amrehemu, na watu wazima hapa wanajua alikuwa bingwa wa kuchukua tuni ya picha la Kihindi akaitia mashairi ya Kiswahili safi, tena mazito, hata Mhindi mwenyewe akisikia anatabasamu anasema hii naijua, kisha anabaki kwenye mlango wa maneno. Hakuna aliyeuliza Bombay. Na ile tashkota inayolia kwenye taarabu yetu, yenye vitufe kama vya taipureta, asili yake Japani, wenzetu India wanaiita bulbul tarang. Kwa hiyo bahari hii mdundo ulikuwa unapanda chombo na kushuka bila pasi tangu zamani.

Ndo maana ule wa Kigujarati uliompigia mama, kama ni Khalasi wa Aditya Gadhvi na Achint, wa 2023, mwambie asiukatae haraka. Khalasi ni baharia, mtu wa kazi chomboni. Wimbo wote unamzungumzia baharia anayezunguka pwani ya Gujarat kutafuta asichokijua, na pwani hiyo ndiyo iliyokuwa ikileta majahazi Lamu, Mombasa na Unguja kwa msimu wa kaskazi. Babu yangu alikuwa akiwataja manahodha wa Kachi kwa majina. Neno nahodha lenyewe wao nao wanalo.

Na mkitaka kushangaa kweli, watafuteni Masidi. Ni Waafrika walioko Gujarat karne na karne, mababu zao walivushwa bahari, wengine watumwa, wengine askari na mabaharia, sasa wanazungumza Kigujarati na ukiwaona sura utadhani umeshukia Likoni. Wana mtakatifu wao Bava Gor, kaburi lake liko Ratanpur kule Bharuch, na ngoma wanayompigia wanaiita goma. Goma! Lile "n" limeanguka baharini tu. Wana ngoma moja wanaiita musindo, na sisi tuna msondo. Wana malunga, upinde wenye kibuyu. Na wachezaji wao wanavaa manyoya ya tausi wanakata viuno na kutania watoto, halafu mmoja anarusha nazi nzima juu, anaipokea kwa kichwa, pa, inapasuka vipande viwili.

Sasa niambieni, hiyo ni ya kienyeji ya India au ya wapi? Prodyuza wa Bombay akiiweka kwenye wimbo wa disko akaandika "asili", asili ya nani?

Kwa fundi_biti: Kisarawe sio mbali mdogo wangu.

fundi_biti

Nimekusikia dada.

zeze_la_tanga

Wakuu nimerudi, shukrani sana, sikutegemea uzi ufike huku.

Leo nimerudi kwa mama na simu yangu kama mwalimu. Nimeanza na Naatu Naatu, nikamwambia mama usisikilize maneno, hesabu, nikampigia mguu na kiganja kama fundi alivyoelekeza, mimi mwenyewe nimeshindwa mkono ukapotea, yeye kaniangalia kwa huruma akaifanya mara ya kwanza tu bila kuhesabu. Akasema "hii chakacha, wameivalisha suruali". Basi.

Khalasi ameusikiliza mara mbili kimya. Akaniambia kwamba kwenye mtaa wao kulikuwa na mzee wa Kikachi muuza vitambaa, akipanga majora alikuwa anaimba kitu chenye kuvuta vuta hivyo hivyo, wao watoto wakidhani anaomba. Hajawahi kunisimulia huyo mzee miaka yote hii.

Enjoy Enjaami nilimwekea bila kumwambia chochote. Ilipofika ile sehemu ya kilio akaniuliza "nani kafa?"

Tumebishana kuhusu Juma Bhalo, nikamuuliza mama hukujua kwamba zile tuni ni za picha? Akasema tulijua sote, tulikuwa tunaenda sinema ili tukamsikie Bhalo kabla hajaimba. Sijui kama hiyo ni kumtetea au ni kumshtaki, nimeiacha hivyo.

Halafu nikamsomea habari ya Masidi, na wale wa nazi. Alikuwa tena kwenye mbuzi, ana nazi tatu pembeni hazijavunjwa na panga amelisahau kwa jirani. Amesema mwenye video yao aitume leo leo, na kama kuna mmoja wao anapita Tanga aelekezwe kwetu.